Skyrim Haina Uhuru Mnaousifia

Kuna sentensi moja inayorudi kila penye mjadala wa gemu za kompyuta: ukitaka uhuru wa kweli, cheza Skyrim. Wanaisema walioicheza mwaka 2011 ilipotoka, wanaisema vijana walioianza juzi kwenye laptopu ya kuazima, wanaisema wachambuzi wanaolipwa kwa kuchambua. Imeshakuwa kipimo. Gemu mpya ikitoka, watu huuliza kama ni huru kama Skyrim. Mimi ninaipinga sentensi hiyo yote, mwanzo hadi mwisho. Gemu za aina hii, ambamo mtu mmoja huketi na kuishi maisha ya mhusika mwingine katika nchi ya kubuni, ni sanaa ninayoijali, na sanaa hudumaa pale wapenzi wake wanapokubali kuitwa huru wakati hawako huru.

Niiweke kwanza hoja yao kama wanavyoiweka wenyewe. Skyrim ni ya tano katika mfululizo wa The Elder Scrolls, ulioanza na Arena mwaka 1994. Imetengenezwa na Bethesda Game Studios ya Marekani chini ya uongozi wa Todd Howard, na mwaka 2023 Howard alisema nakala zilizouzwa zimevuka milioni 60. Unaanza ukiwa mfungwa juu ya mkokoteni, mikono imefungwa, unapelekwa kukatwa kichwa katika mji wa Helgen. Joka liitwalo Alduin linatua, mji unaungua, unatoroka kwa njia ya chini kwa chini, na ukitokeza upande wa pili nchi nzima iko mbele yako. Hapo ndipo watetezi wanapoanzia. Hakuna anayekulazimisha kuifuata hadithi. Mlima unaouona, unaweza kuupanda. Hukuchagua mwanzoni uwe askari au mchawi. Kuna stadi 18, na ile unayoitumia ndiyo inayokua. Kila chama kinakupokea, na hakuna mlango unaofungwa kwa sababu ya mlango mwingine ulioufungua. Kisha huja hoja yao iliyo nzito kuliko zote: mtu mzima mwenye kazi na familia hana muda wa kurudia gemu mara nne, basi kwa nini afichwe nusu ya alichokinunua kwa sababu ya uamuzi alioufanya saa ya kwanza? Na kama kuna kitu hakikuridhishi, kuna modi za kukirekebisha.

Hiyo ndiyo hoja, na sijaipunguza. Jibu langu ni kwamba uamuzi usiokugharimu kitu haukuwa uamuzi, na Skyrim imejengwa kwa makusudi ili usigharimike. Imekuachia miguu, ikakunyang'anya mikono. Nitaonyesha hilo kwa mifano ya ndani ya gemu yenyewe, ambayo yeyote anaweza kwenda kuihakikisha.

1. Nchi ambayo wenye nguvu hawafi

Nenda Riften. Mji uko mikononi mwa Maven Black-Briar, mwenye kiwanda cha pombe ya asali. Walinzi wanamwogopa, Chama cha Wezi kinaishi kwa ulinzi wake, na mwanawe Sibbi aliyefungwa gerezani anakaa humo kwa raha zake. Gemu inafanya kila juhudi umchukie mama huyu. Misheni moja ya wezi inakutuma hadi Whiterun kutia sumu kwenye pombe ya mshindani wake, Sabjorn, ili kiwanda chake kiangukie mikononi mwa watu wa Maven. Unaifanya kazi hiyo kwa mikono yako, halafu unarudi kwa Maven kutoa ripoti.

Sasa jaribu kumpinga. Chomoa upanga: anapiga goti, anahema, anainuka, na walinzi wanakujia wewe. Rudia mpaka uchoke. Jaribu kumshitaki mbele ya Laila Law-Giver, Jarl (yaani mtawala) wa mji: hakuna sentensi ya kuchagua. Mfuate Mjoll, shujaa anayezunguka mjini humo akilaani ufisadi wa kina Black-Briar. Atakubali kuandamana nawe mpaka miisho ya nchi, lakini misheni aliyo nayo ni ya kutafuta upanga wake uliopotea. Na katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vinavyoendelea nchini, Jeshi la Dola likiutwaa mji kutoka kwa waasi, anayekalia kiti cha Jarl ni Maven.

Watetezi husema wahusika hawa wanalindwa ili hadithi isivunjike. Maven si nguzo ya hadithi kuu. Alduin angeweza kuuawa Maven akiwa kaburini. Na studio hiyo hiyo, mwaka 2002, ilitoa Morrowind, ambamo unaweza kumuua karibu kila mtu, hata yule ambaye hadithi inamhitaji. Ukimuua huyo, ujumbe unatokea kukuarifu kwamba uzi wa unabii umekatika, na kwamba unaweza kurudi pale ulipohifadhi mchezo au kuendelea kuishi katika dunia uliyoiharibu. Kisha inakuachia uchague. Mchezaji anatendewa kama mtu mwenye akili timamu.

Kinachonikera zaidi ni kwamba katika Skyrim vifo vipo, ila vimegawanywa. Joka likishuka mjini, mwenye duka wa kawaida anaweza kuuawa pale pale na asionekane tena hadi mwisho wa mchezo. Mnyonge anakufa. Bwana mwenye mji anapiga goti na kuinuka. Nchi ya namna hiyo imeshaamua nani ana haki ya kuguswa na mchezaji kabla mchezaji hajafika, halafu bado tunaambiwa mchezaji ndiye mwenye usemi.

2. Vyeo visivyopimwa

Chuo cha Winterhold ndicho makao ya wachawi wa nchi nzima. Kwenye daraja la kuingilia anasimama Faralda, anakutaka ufanye uchawi mmoja kama mtihani. Usipoujua, anakuuzia papo hapo. Unaingia, unahudhuria somo la Tolfdir kuhusu uchawi wa kujikinga, mnakwenda Saarthal mnakuta dude la ajabu, Ancano, mshauri wa chuo, analitumia vibaya, Mchawi Mkuu Savos Aren anakufa, na baada ya safari chache cheo chake ni chako. Katika njia hiyo yote, uchawi unaodaiwa ni wa daraja la mwanafunzi. Mtu aliyetumia shoka tangu Helgen anavikwa joho la Mchawi Mkuu, kama mtu aliyepewa kiti cha ukadhi kabla hajamaliza juzuu ya kwanza.

Hivyo hivyo kwa Companions wa Whiterun, kundi la wapiganaji: unaingia mgeni na baada ya misheni chache wewe ndiye kiongozi wao, hata kama hujui kushika ngao. Katika Morrowind kila chama kina orodha ya stadi na sifa zinazohitajika kwa kila cheo, na usipozifikia unaambiwa wazi kwamba bado. Kuna koo kubwa tatu za kujiunga nazo, Hlaalu, Redoran na Telvanni. Ukila kiapo kwa moja, nyingine mbili zimekupita. Chama cha Wapiganaji na Chama cha Wezi vinagombana, na ukiwa mwanachama wa vyote viwili utafika siku utumwe kuwaua wenzako.

Skyrim imeondoa migongano hiyo yote. Unaweza kuwa kiongozi wa Companions, mkuu wa wachawi, mkuu wa wezi na msikilizaji wa Udugu wa Giza, chama cha wauaji, kwa wakati mmoja, na hakuna chama kinachokuuliza juu ya kingine. Watetezi huuita huo uhuru wa kuwa chochote. Ukiweza kuwa kila kitu kwa mpigo, basi hakuna ulichokuwa, kwa kuwa hakuna mtu katika nchi hiyo anayekutambua kwa lolote ulilolikataa. Gharama yake huja baadaye. Anayemaliza kila chama kwa mhusika mmoja hana kipya cha kukutana nacho kwa mhusika wa pili, isipokuwa sura na rangi ya nywele.

Na kukataa kwenyewe hakuruhusiwi. Ili uendelee na Companions ni lazima unywe damu ya Aela na ugeuke mbwamwitu; ukiona ni najisi, hadithi inasimama hapo na haitembei tena. Ili uendelee na wezi ni lazima uweke nadhiri kwa Nocturnal, hata kama mhusika wako ni mtu wa dini nyingine kabisa. Hakuna anayekupa njia ya tatu. Hawa wanaotamba kwamba milango yote iko wazi hawajawahi kujaribu kutoka kwa mlango wa nyuma.

3. Vita isiyomtambua mpiganaji wake

Nchi iko kwenye vita vya wenyewe kwa wenyewe. Upande mmoja Jenerali Tullius na Jeshi la Dola, makao yao Solitude. Upande mwingine Ulfric Stormcloak na waasi wake, makao yao Windhelm. Swali wanalogombania ni zito: je, watu wa nchi hii waendelee kuwa chini ya dola iliyokubali, kwa mkataba, kupiga marufuku ibada ya mungu wao Talos? Watu wameandika kurasa na kurasa wakibishana nani ana haki. Mabishano hayo ni mazuri kuliko vita yenyewe ilivyo ndani ya gemu.

Anza na Helgen. Unapotoroka unachagua kumfuata Hadvar wa Jeshi au Ralof wa waasi. Njia ni ile ile, mnatokea mahali pale pale, na mnaelekea kijiji kile kile cha Riverwood. Tofauti ni kama atakayekukaribisha ni Alvor mfua chuma au Gerdur mwenye kinu cha mbao. Uamuzi huo haukufungi kwa lolote. Kisha piga vita yote hadi mwisho: ngome zinatekwa, watawala wa miji kadhaa wanabadilishwa, sare za walinzi zinabadilika rangi, na maisha yanaendelea. Talos, aliyekuwa kiini cha vita, hana misheni ya baada ya ushindi.

Jaribu jambo moja zaidi. Jiunge na Jeshi la Dola, ule kiapo mbele ya Tullius, upandishwe vyeo. Kisha, kwa kutumwa na Udugu wa Giza, panda meli ya Katariah na umuue Titus Mede wa Pili, mtawala mkuu wa dola hiyo hiyo uliyoapa kuilinda. Kachukue malipo yako, vipande 20,000 vya dhahabu. Halafu rudi kwa Tullius. Cheo chako kipo. Misheni inayofuata ipo.

Najua watetezi watanijibu kwa Astrid, na wana haki ya kumtaja. Mkuu huyu wa Udugu wa Giza anakuteka usingizini, unaamka kwenye kibanda ukiwa naye na mateka watatu waliofunikwa nyuso, anakuambia umuue mmoja. Unaweza kumgeukia yeye mwenyewe ukamuua. Ukifanya hivyo, chama kizima kinakufa kwako. Unakwenda kwa Kamanda Maro na unapewa kazi ya kukiangamiza kwa malipo ya vipande 3,000. Huo ni uamuzi halali: umefunga mlango na umelipa, maana malipo ya haki ni madogo na hadithi ndefu ya wauaji imekupita. Basi mfano huu unasimama upande wangu. Kila anayeulizwa kuhusu uhuru wa Skyrim huukimbilia, kwa kuwa ni moja ya mara chache sana ambapo gemu ilithubutu kumnyima mchezaji kitu.

4. Misheni isiyojua neno hapana

Wewe ni Dragonborn, shujaa wa unabii katika hadithi hii. Blades, kikosi cha kale ambacho Delphine na Esbern ndio wanaokifufua, kipo kwa ajili ya kumtumikia Dragonborn. Wao wenyewe wanakuambia. Kisha wanagundua kwamba Paarthurnax, joka mzee anayekaa kileleni juu ya High Hrothgar, alikuwa mshirika wa Alduin zamani za kale. Paarthurnax ametubu kwa karne nyingi, na ndiye aliyekusaidia kumkabili Alduin. Delphine anakuamuru umuue, na mpaka ufanye hivyo hawatakusaidia tena.

Mchezaji yeyote anayo majibu tele hapo. Mimi ndiye mnayedai kunitumikia. Mzee huyu amefanya kazi kuliko nyinyi. Leteni ushahidi kwamba amerudia uovu. Hakuna hata moja unaloweza kulisema likabadili kitu. Una njia mbili: umuue, au usimuue na jina lake likae kwenye daftari lako la misheni kama kazi ambayo hujaimaliza, leo, kesho, na hata mhusika wako akifika levo 80. Gemu haina mahali pa kuandika kwamba ulikataa. Inakuhesabu kuwa umechelewa.

5. Mshale

Hapa ndipo hasara ilipo kubwa, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Fungua daftari la misheni. Linakuambia nenda mahali fulani, ua mtu fulani, rudi. Halikuambii njia. Njia ni alama inayoelea juu ya dira kwenye ukingo wa juu wa skrini, na ukiikaribia inatua juu ya kichwa cha mtu au juu ya kasha lenyewe. Watetezi hujibu haraka: kama huipendi, izime. Nimewasikia wengi wakisema hivyo ambao hawajawahi kuizima. Ukiizima, misheni nyingi hazichezeki, kwa sababu aliyekutuma hakusema mahali penyewe pako wapi. Hakusema uelekee kaskazini, hakusema upite daraja, hakutaja mti wala jabali. Maneno hayo hayakuandikwa, kwa kuwa mwandishi alijua mshale utafanya kazi yake.

Katika Morrowind, moja ya kazi zako za mwanzo ni kwenda kwa Hasphat Antabolis mjini Balmora. Anataka kisanduku cha fumbo kutoka magofu ya Arkngthand, na anakueleza njia: toka mjini kwa kusini, vuka mto, pita ngome ya Moonmoth, tafuta daraja la kale la Dwemer linalovuka korongo la Foyada Mamaea, panda hadi kwenye magofu, na mlango utaufungua kwa kuzungusha mpini ulio kwenye bomba. Unatembea ukiangalia ardhi. Unaliona daraja na moyo unapiga, kwa kuwa umelipata mwenyewe. Ni kweli kwamba maelekezo mengine katika gemu hiyo yalikosewa na watu wakapotea kwa saa nzima, wala siitetei hali hiyo. Lakini maelekezo mabaya dawa yake ni maelekezo sahihi. Bethesda iliamua kuyafuta yote.

Wala haiwezi kusemwa kwamba hawakujua kuyaandika. Rudi Riverwood, kwenye duka la Lucan Valerius aliyeibiwa kucha ya dhahabu. Dada yake Camilla anatoka nawe nje, mnatembea pamoja kijijini mpaka kwenye daraja, na hapo anakuonyesha mlima na kukueleza njia ya kufika Bleak Falls Barrow. Unajua unakokwenda kwa sababu mtu amekuambia. Ndani ya magofu, chini kabisa, kuna mlango mkubwa wa mawe wenye pete tatu za michoro, na jibu lake halipo kwenye daftari. Unaitoa mfukoni ile kucha uliyoipata humo, unaigeuza mbele ya macho yako, na kwenye kiganja chake kumechongwa dubu, nondo, bundi. Unazungusha pete hizo kwa mpangilio huo na mlango unashuka. Dakika chache hizo zinathibitisha kwamba waliojenga gemu hii walijua jinsi ya kumwachia mchezaji atazame na afikiri. Baada ya hapo Camilla wa pili hatokei, na fumbo la kucha linarudiwa kwa michoro mingine bila wazo jipya.

Mshale unaiharibu hata ile sifa kuu ya gemu hii, ukubwa wa nchi yake. Mtu anayekimbia akiangalia kialama hatazami bonde. Wasanii walipanga mawe, mito na theluji kwa uangalifu ule, halafu wabunifu wakaweka juu ya skrini kitu kinachomfundisha jicho kuvipuuza. Mazoea hayo hayaishii Skyrim. Nimeona wachezaji waliolelewa na mshale wakiiacha gemu ya zamani baada ya nusu saa, wakisema haieleweki, wakati maelezo yalikuwa mbele yao kwa maandishi. Hawakuwa wavivu. Walikuwa wamezoezwa kutosoma.

6. "Nenda wakati wowote"

Sifa nyingine ni kwamba hakuna mpangilio: nenda popote, muda wowote. Hili lina gharama iliyofichwa ndani ya hesabu. Maadui wengi na vitu vingi vinapangwa kulingana na levo yako. Joka la kawaida linakuja ukiwa mdogo, majoka ya daraja la juu yanakuja ukikua. Wapo wasiofuata kanuni hiyo. Jitu la malishoni karibu na Whiterun litakurusha angani ukilichokoza mapema, na ndiyo maana kila mtu analikumbuka. Kwingineko dunia inajishusha na kujipandisha ili ikulingane.

Sasa angalia Chillrend, upanga wa barafu uliomo katika nyumba ya Mercer Frey mjini Riften. Ukiuchukua ukiwa levo 10, unabaki na nguvu za levo 10 hata ukimaliza miaka kumi ukiunoa. Ukisubiri levo 46 ndipo unaupata ukiwa kamili. Matokeo yake wakongwe huwaonya wageni: usimalize hadithi ya wezi sasa, utajuta. Ndio hao hao wanaoapa kwamba katika Skyrim unakwenda popote, muda wowote. Anayeamini ahadi hiyo ndiye anayetoka na silaha mbovu, na anayefaidi ni yule aliyeambiwa siri mapema na mtu mwingine.

7. Modi

Kila ukiwabana, hukimbilia modi. Hupendi kuanzia Helgen? Kuna Alternate Start – Live Another Life. Unataka kumwambia Delphine hapana? Kuna The Paarthurnax Dilemma. Hitilafu? Kuna viraka vya wachezaji. Tangu Bethesda ilipotoa Creation Kit Februari 2012, kazi ya ajabu imefanywa na watu ambao wengi hawakulipwa hata senti. Lakini tazama hoja hii inakiri nini. Inakiri kwamba uhuru unaosifiwa uliongezwa na wateja. Huwezi kuisifu nyumba kwa dirisha ambalo mpangaji alilitoboa mwenyewe.

Isitoshe, uhuru huo haukuwafikia wote. Kwenye PlayStation 4, modi ziliruhusiwa kutumia tu vitu vilivyokuwamo ndani ya gemu, na nafasi yake ilikuwa finyu. Mwenye kompyuta alikuwa na Skyrim moja, mwenye PlayStation nyingine. Aprili 2015 Valve na Bethesda walianza kuziuza modi za Skyrim kwenye Steam, na hasira za wachezaji ziliwalazimu kuacha ndani ya siku chache. Novemba 2021 sasisho la Anniversary Edition lilizivunja modi nyingi zilizotegemea programu ya ziada iliyotengenezwa na wachezaji, na waundaji wakarudi kazini bila malipo. Kwa sisi tunaonunua intaneti kwa bando, Nairobi au Dar es Salaam, kushusha mamia ya modi ili gemu uliyokwishailipia iwe vile ilivyotangazwa ni gharama ya pili inayouma, na kila sasisho linaweza kukudai tena.

8. Mtu asiye na muda

Nimeiacha mwisho hoja ya mtu mzima mwenye kazi, kwa kuwa ni ya kiutu na inastahili jibu la kiutu. Muda wa watu ni mchache. Ndiyo sababu inanishangaza kwamba hoja hii inaletwa kuitetea Skyrim. Gemu inayojali muda wako ingekuwa na saa 30 za mambo yanayokuhitaji, ikakuachia uondoke. Skyrim ina mfumo uitwao Radiant, unaozalisha misheni zisizo na mwisho kwa kubadilisha jina la pango na jina la mtu. Umekuwa kiongozi wa Companions, na Farkas bado anakutuma kwenda kumpiga ngumi mwananchi fulani katika mji fulani. Ukimaliza, ana mwingine.

Kibaya zaidi, misheni hizo zimewekwa kama kizuizi mahali pengine. Ili uwe mkuu wa Chama cha Wezi haitoshi kumaliza hadithi yake. Ni lazima ufanye kazi ndogondogo za Vex na Delvin, 5 katika kila mji kati ya miji minne, Whiterun, Windhelm, Solitude na Markarth, kabla ya misheni maalumu ya kila mji kufunguka. Pora pete, weka kidani cha wizi kwenye kabati la mtu, badilisha tarakimu kwenye daftari la hesabu. Na mji hauuchagui wewe. Unapangwa kwa bahati. Ukishamaliza Solitude, Vex anaweza kukutuma Solitude tena. Basi wachezaji waligundua mbinu: unamwambia unaiacha kazi, unaiomba upya, unaangalia ametaja mji gani, si wenyewe, unaiacha, unaiomba upya. Huyu mtu mzima asiye na muda, aliyerudi kutoka kazini usiku na kuwasha gemu kwa saa yake moja, ndivyo anavyoitumia saa hiyo: amesimama ndani ya Ragged Flagon, anachukua kazi, anaikataa, anaichukua tena, akisubiri mashine imtajie Markarth.